Fundo la Pili

Alhamisi ilikuwa siku ya mihogo. Kijijini kwetu, kando ya ziwa, kusini mwa Uvira, mihogo iliyolowekwa mtoni tangu Jumatatu ilitolewa siku hiyo, ikamenywa, kisha ikaanikwa juu ya mwamba mkubwa nyuma ya kanisa. Nilikuwa na miaka minane. Kazi yangu ilikuwa kufukuza mbuzi na kupanga vipande juani. Nilivipanga kwa safu, vikubwa kwa vikubwa, vidogo kwa vidogo, na kipande kikikaa upande nilirudi kukinyoosha.

Mama alinicheka. "Weye Riziki, mihogo haiendi ku masomo. Acha ilale vile inalala."

Mgongoni alikuwa amembeba mdogo wangu Zawadi, mtoto wa miezi minne. Baba alikwenda kwenye machimbo ya dhahabu kabla Zawadi hajazaliwa, na habari zake zikakoma huko. Tulibaki wanne: mama, mimi, Zawadi, na Koko, yaani bibi, mama yake baba.

Koko alikuwa amepotewa na kumbukumbu. Alimwita mama kwa jina la dada yake aliyekufa, na mimi aliniita kwa jina lolote lililomjia. Lakini mikono yake haikusahau kitu. Ukimpa maharagwe, aliyachambua. Ukimpa kuni na kipande cha mpira uliokatwa kutoka ndani ya tairi la baiskeli, alifunga mzigo ambao usingelegea hadi nyumbani. Yeye ndiye aliyenifundisha fundo la kuni: unazungusha, unapitisha chini, unavuta mpaka mpira unajiuma wenyewe. Kulifungua, unalisukuma kwa kidole gumba kutoka chini. Nilijifunza siku moja, nikalirudia siku nzima, mpaka Koko akasema, "Huyu mutoto iko na mikono yangu." Sikuwahi kupewa sifa kubwa kuliko hiyo.

Kukimbia nako kulikuwa na taratibu zake. Wenye bunduki waliposhuka, tulipanda mlimani, tukakaa kwenye migomba hadi waondoke, tukarudi. Walichukua mbuzi, sufuria, redio. Wazee hawakuwagusa. Hilo lilijulikana. Mzee asiyeweza kupanda mlima aliachwa ndani, moto ukiwaka jikoni, ili moshi uonyeshe kuwa nyumba hiyo ina mtu asiye na madhara.

Lakini Koko hakuwa mtu wa kuachwa na mlango wazi. Mara ya mwisho tulipomwacha hivyo, alitoka kututafuta. Tulimpata siku ya tatu mtoni, ameketi majini hadi kiunoni, anatetemeka, anaimba. Hapo ndipo mama aliposema kwamba mara nyingine mlango utafungwa kwa nje, kwa mpira. Nataka hili lieleweke kabla sijaendelea. Mlango ule tulikusudia kuufunga kwa kumpenda.

Milio ilianza kabla ya adhuhuri.

Ya kwanza tulidhani ni watu wanapasua mbao. Ya pili, mama aliacha kisu kikaanguka kwenye mihogo.

Tulikimbia nyumbani. Mama alimketisha Koko kwenye mkeka, akampa ungo wa maharagwe, akachochea moto. Koko aliuliza kama wageni wanakuja. Mama akasema ndiyo, wanakuja.

Nje, mama alinipa mpira. "Funga. Funga muzuri, asitoke tena kwenda mutoni."

Nilifunga.

Nilizungusha mpira kwenye vitanzi vya waya, kimoja cha fremu na kimoja cha ubao wa mlango. Nikapitisha chini. Nikavuta mpaka vidole vikauma.

"Enda," mama alisema. "Enda na wale majirani. Mi nakuja."

Nilikwenda. Mama alitufikia kwenye miinuko ya kwanza ya mlima, anahema, Zawadi analia mgongoni.

Kutoka kwenye migomba tuliona paa la kwanza likiwaka. Watu waliguna. Hilo halikuwa kwenye taratibu.

Paa la pili.

Mama mmoja alianza kuhesabu nyumba kwa sauti, akizitaja kwa majina ya wenyewe. Alipofika karibu na yetu, mtu alimziba mdomo kwa mkono.

Nilimwangalia mama. Alikuwa anaangalia chini, kwenye majani.

Tulirudi kesho yake asubuhi. Mama alinizuia umbali wa nyumba tatu na akaingia peke yake, akiwa na kitenge chake kizuri. Nilikuwa mtoto wa kunyoosha mihogo. Sikuweza kusimama mbali na kitu ambacho sijakiona. Nilisogea. Mlango haukuwapo, ubao ulikuwa majivu. Fremu ilikuwa imesimama upande mmoja, nyeusi, na kwenye waya wake mpira ulikuwa umeyeyuka ukagandamana. Juu yake yalionekana mafundo mawili, moja juu ya jingine, kama vifundo vya kidole.

Mama alitoka amebeba kitenge kilichofungwa. Kilikuwa kidogo. Tulimzika Koko nyuma ya nyumba, kwenye shamba la mihogo, na jioni tukavuka ziwa kwa mtumbwi wa injini hadi Kigoma, tukiwa tumejaa kupita kiasi. Kwenye kambi ya wakimbizi nilikaa miaka kumi na mmoja. Nilijifunza Kiswahili cha vitabu kwa kusoma chochote kilichoandikwa, hata mifuko ya unga. Niliandika barua za watu. Nilisifiwa kwa mwandiko. Na kila jioni nilikagua mlango wa kibanda chetu mara tatu: kwamba umefungwa, kwamba unafunguka, kwamba umefungwa.

Hakuna aliyeniuliza kwa nini. Mama aliniona nikikagua kila siku, akanyamaza.

*

Tulifika Louisville, ng'ambo ya bahari, mwaka 2014. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, umri uliopita wa shule. Zawadi, mwenye miaka kumi na mmoja, alipelekwa shuleni, na baada ya miezi sita mama akimwita kwa Kiswahili yeye alijibu kwa Kiingereza. Tulikaa mtaa wa Newburg, kwenye magorofa ambako ukisimama kwenye ngazi ulisikia Kibembe ghorofa ya chini, Kirundi katikati, na sombe, yale majani ya mihogo, ikichemka kote.

Nilipata kazi ghala la viatu, kubandika lebo. Mama alipata kazi nzuri zaidi, ya kutunza wazee kwenye jumba ambalo wakazi wake wengi walikuwa wamepotewa na kumbukumbu. Kila mtu alimpongeza. Siku ya nne alirudi nyumbani saa sita mchana, akaketi mezani bila kuvua koti.

"Nimeacha," alisema.

"Mama! Juu ya nini?"

"Mulango yao inafungwa na namba. Donc mama muzee moja anasimama pale, anapiga na mukono. Anapiga, anapiga. Banasema ni juu asipotee. Ni muzuri, sikatae. Ni muzuri sana. Lakini mi siwezi."

Nilikasirika. Nilimwambia kazi haichaguliwi hivyo. Wiki iliyofuata alianza kazi ya kufua mashuka ya hoteli, na mimi nikaamini, kwa ujinga wa mtu anayedhani anajua yote, kwamba mama alimwonea huruma bibi yule kwa sababu alimkumbusha Koko. Kwamba yule aliyepaswa kushindwa kusimama mbele ya mlango ule ni mimi.

Kanisani kwetu mgeni hakai bure. Jumapili ya kwanza anaitwa mbele atoe ushuhuda: alipotoka, alichopita, Mungu alivyomvusha. Mwisho husema, "Mungu ni mwema," na watu huitikia, "Wakati wote." Bila maneno hayo ushuhuda haujaisha, na mpiga kinanda hukaa anasubiri vidole vikiwa hewani.

Mama alisimama Louisville akasema mama mkwe wake alikataa kukimbia. Alisema, "Alituambia, endeni wanangu, mi niko mukononi mwa Yesu." Watu walilia. Mungu ni mwema. Wakati wote.

Koko hakujua hata tunakwenda wapi. Koko alikuwa anachambua maharagwe. Niliamini mama alikuwa ananificha mimi. Anasema uongo mbele ya madhabahu ili mwanawe asionekane.

Mwezi huohuo nilikipata kile kitabu. Maktaba ya umma ilikuwa imeweka kreti la vitabu vilivyotolewa kwenye rafu, chukua utakacho. Nilichukua chenye jalada la kijani kwa sababu kilikuwa na kamusi ndogo nyuma. Kilikusanya maandishi ya wanawake wa kwanza wa Kipuritani, wale waliovuka bahari kutoka Uingereza karibu miaka mia nne iliyopita kwa ajili ya imani yao: barua, sala, kumbukumbu walizowaandikia watoto ili wazisome wao wakishakufa. Kiingereza chake kilikuwa cha zamani na changu kilikuwa kichanga. Nilisoma kurasa mbili kwa juma, nikiandika kila neno nisilolijua kwenye daftari, na nikikosea herufi nilichana ukurasa mzima nikaanza upya.

Kilichonishtua si kwamba waliteseka. Mtu wa kambini hashtuliwi na hilo. Nilishtuka kuona jinsi walivyohesabu mateso yao. Mtoto akifa, mama anakaa chini na kutafuta dhambi yake mwenyewe. Homa ikija, anauliza amempenda nani kuliko Mungu. Hawakumuuliza Mungu kwa nini. Walijiuliza wao, na kuandika jibu, na kushukuru kwa fimbo. Tena ili kuingia kanisani kama mshiriki, wengine walitakiwa kueleza hali ya roho zao mbele ya watu. Niliposoma hilo niliangua kicheko peke yangu kwenye basi. Ushuhuda! Wazungu wale walikuwa na Jumapili ya mgeni.

Sikupenda yote. Walipoandika juu ya wenyeji ambao nchi yao ilikuwa inachukuliwa, waliwaita watu wa shetani, na hawakujiuliza kama nao wana bibi ndani ya nyumba. Mtu anaweza kujichunguza hadi mfupani na bado asione paa la mwenzake linawaka. Niliandika hivyo pembeni ya ukurasa.

Nilimsomea mama kwa Kiswahili wakati akikunja nguo.

"Huyu mama alizaa batoto ngapi?"

"Wanane."

"Na bangapi balibaki?"

Nilimwambia. Alitikisa kichwa. "Na hakuna hata muganga. Bon. Huyu ni wa kanisa letu kabisa. Angekuwa mukubwa wa chama cha bamama."

"Yeye angekuona wewe mpagani, Mama, na kitenge chako."

"Angenizoea," alisema. "Banazoea tu."

Katikati ya kitabu palikuwa na picha ya ukurasa mmoja ulioandikwa kwa mkono. Mwandishi alikuwa amekata mstari mmoja kwa nguvu, mara nyingi, mpaka wino ukaziba kila kitu. Maelezo ya chini yalisema maneno yale hayasomeki. Nilimwonyesha mama kwa sababu niliona ni mchafu. Mimi ningeandika upya ukurasa wote.

Mama aliuangalia kwa muda mrefu. Akaweka kidole juu ya wino.

"Hapa njo alisema kweli," alisema.

*

Majira ya kupukutika majani, mwanamke mmoja aliyekulia kijiji cha jirani alihamia Newburg. Baada ya ibada alimshika mama mkono kwenye maegesho ya magari. "Si weye muke wa mutoto wa Koko Nambuza? Eh! Tulisikia habari ya ile nyumba. Tulisikia mulango ulikuwa umefungwa."

"Balifunga benye bunduki," mama alisema.

Kabla mwezi haujaisha tulikuwa Columbus. Mama alisema kuna kazi.

Columbus kulikuwa na kazi kweli. Nilifungasha maboksi, mama alifungasha maboksi mstari wa pili, na Jumapili ya mgeni mama alisimama tena. Safari hii Koko hakukataa kukimbia. Safari hii alikuwa amelala. "Alikuwa ku kitanda," mama alisema, "amelala usingizi, na Mungu akamuchukua katika usingizi, hakusikia kitu." Mungu ni mwema. Wakati wote.

Nyumbani nilimkabili. "Louisville ulisema alikataa."

"Nilisema?"

"Ulisema. Mama, huwezi kubadilisha. Mungu anasikia yote mawili."

"Mungu alikuwa pale," alisema mama. "Hahitaji unisahihishie."

Zawadi alitoa kichwa chumbani akasema kitu kwa Kiingereza, kwamba tunapiga kelele na yeye ana mtihani. Mama alimwambia mtihani wake ni kujifunza kuosha sufuria. Tukacheka, na mambo yakaishia hapo kwa siku ile.

Lakini mimi nilikuwa nimeanza kuandika. Nilitaka kufanya kama wale wanawake: kukaa chini, kutafuta dhambi yangu, kuiandika bila kuipamba, kuisoma mbele ya watu. Niliiandika kwa Kiswahili safi. *Mimi ndiye niliyefunga mlango. Nilikuwa na miaka minane na nilisifiwa kwa mafundo yangu.* Niliichana. Niliandika tena. Sentensi ya kwanza ilikuwa ndefu. Nikaichana. Ya tatu ilionekana kama inaomba huruma. Nikaichana. Leo ninakiri jambo jingine: kuchana kulinifaa. Mtu anayeandika upya ungamo lake hajaungama bado.

Nilipofika nakala ya tisa nilimwambia mke wa mchungaji kwamba nina neno ninalotaka kusema kanisani. Alifurahi, akamwambia mama. Wiki tatu baadaye tulikuwa kwenye gari la rafiki, masufuria yamefungwa kwa mablanketi, tunaelekea Buffalo. Mama alisema huko nyumba zina nafasi.

Sikuunganisha haya mambo. Nilikuwa nimejishughulisha mno na hatia yangu kuona ya mwingine.

*

Buffalo tulikaa ghorofa ya pili ya nyumba ya mbao upande wa kaskazini wa mji. Nilipata kazi kiwanda cha plastiki Tonawanda, zamu ya asubuhi. Mama alifanya usafi jioni katika jengo la ofisi, hivyo nilipotoka alikuwa bado amelala, na mimi niliufunga mlango kwa ufunguo kutoka nje. Niliufunga, nikausukuma, nikaufungua, nikaufunga. Mara tatu. Mara nyingine nilishuka ngazi nikarudi. Mara mbili nilikosa basi.

Kanisa la Buffalo lilikuwa dogo na mchungaji hakuwa na haraka. Alisema tutoe ushuhuda tukiwa tayari. Mwezi wa pili nilimwambia niko tayari. Akaniandika Jumapili inayofuata.

Jumamosi mchana theluji ilikuwa inaanguka kwa upande, kama inavyofanya huko. Zawadi alikuwa kwa rafiki yake. Mama alikuwa anakanda unga wa mandazi ya kanisa. Niliketi mbele yake na nakala ya kumi na nne.

"Nitakusomea," nilisema. "Sitaki uyasikie kule kwa mara ya kwanza. Nisamehe, lakini nitayasema, na tusihame tena."

Aliendelea kukanda.

Nilisoma. Alhamisi, mihogo, milio. Nilisoma polepole kwa sababu nilikuwa ninaogopa kukosea. Nilifika mlangoni. "Nilifunga kwa mpira, mafundo mawili, nikavuta mpaka vidole vikauma."

Mikono ya mama ilisimama.

"Soma tena pale."

Nilisoma tena.

"Hapana," alisema.

"Mama, najua hutaki..."

"Hapana. Ulifunga fundo moja."

Nilimwambia niliyaona kwa macho yangu, kesho yake, kwenye waya. Mawili.

"Ulifunga fundo moja," mama alisema. "Ile ya kuni. Ile Koko alikufundisha. Alikuwa anaweza kuifungua hata macho imefungwa. Angeingiza kidole ku nafasi ya mulango, angesukuma na hiki kidole." Aliinua kidole gumba, kikiwa na unga. "Mikono yake haikusahau. Mi nilijua. Njo nikakwambia enda."

Nje gari la kusafisha theluji lilipita. Tulilisikia hadi likafika mwisho wa barabara.

"Ya pili ni yangu," alisema.

Nilishika karatasi yangu. Nakumbuka nilitafuta mahali pa kusahihisha.

"Hakukuwa ku kitanda," mama alisema. "Alikuwa ku mulango. Ile yako alikuwa ameifikia. Mpira ulikuwa umesukumwa. Niliona."

Wale wanawake wa jalada la kijani wangeandika kilichonijia kwanza, kwa hiyo na mimi ninakiandika. Nilifurahi. Kabla ya Koko, kabla ya mama, kwa muda wa pumzi moja mwili wangu wote ulifurahi kama mtu aliyetua gunia. Halafu nikaona uso wa mama, naye alikuwa ameona ile furaha.

"Ulijua," nilisema. "Miaka kumi na mitatu. Uliniona nikikagua milango. Ulijua nadhani ni mimi."

"Nilijua."

"Kwa nini?"

Alijifuta mikono kwenye kitenge, kidole kimoja kimoja. "Nilisema, ni mutoto. Mutoto atasahau. Kiisha ukakua, haukusahau. Nikasema, batu batamusamehe, alikuwa mudogo. Mi nani atanisamehe? Nilikuwa mutu mukubwa. Nilikuwa na akili yangu yote." "Nilikuachia ubebe, Riziki. Juu weye ungeweza kusamehewa."

Nilisimama nikatoka bila koti. Nilikaa kwenye ngazi mpaka mikono ikafa ganzi. Sikulia. Nilikuwa ninasikia sauti ya kidole gumba kikisukuma mpira.

*

Jumapili mchungaji aliita jina langu. Nilikuwa na karatasi mkononi, na sikujua nitasoma nini, kwa maana ilikuwa nzuri na haikuwa kweli. Kabla sijanyanyuka, mama alipita mbele ya magoti yangu, na mkoba wake begani, akaenda mbele.

Hakushika kipaza sauti. Mchungaji alimpa akakikataa kwa mkono.

"Mimi nilitoa ushuhuda Louisville," alisema. "Nilitoa na Columbus. Yote ilikuwa uongo."

Akasema. Haikuchukua muda mrefu. Mambo yenyewe ni machache. Mama mkwe, mpira, fundo moja, fundo la pili, mlango. Akasema, "Huyu mutoto wangu hana kosa. Nilimubebesha." Akasema, "Nilifunga juu nilikuwa naogopa atapotea. Nilifikiri benye bunduki hawagusi bazee. Batu bote tulifikiri vile. Lakini mukono uliofunga ni huu."

Akanyamaza. Mpiga kinanda alikuwa na vidole hewani. Watu wote tulikuwa tunasubiri yale maneno matatu yanayomaliza ushuhuda, ili tuitikie, ili turudi kupumua.

Hakuyasema.

Alirudi kwenye kiti chake katika ukimya ambao sijausikia tena katika kanisa lolote. Mzee mmoja wa Kirundi, aliyekulia kambini kama mimi, aliinama akafunika uso. Mama mmoja wa kwaya alikuja, akachukua mkoba kutoka magotini mwa mama, akauweka sakafuni, akaketi karibu naye. Baada ya ibada mwingine aliniambia kwa upole kwamba mambo mengine ni ya kumwachia Mungu tu, kanisani kuna watoto. Mandazi yalibaki mengi.

Sijamaliza kumsamehe. Ninaandika hivi akiwa chumba cha pili na nitamsomea. Zipo siku ninamwona mwanamke mwenye mtoto mgongoni, risasi nyuma yake, anayebaki mlangoni kuongeza fundo ili mama mkwe wake asife maji, na ninataka kumwosha miguu. Zipo siku ninamwona mtu mzima anayemwangalia mtoto wa miaka tisa, kumi, kumi na tano, akisukuma mlango mara tatu, na kunyamaza. Ni mtu mmoja. Sijui kumwandika katika sentensi moja iliyonyooka, na nimejaribu.

Koko hakupata chochote kutokana na kweli yetu. Hili lazima niliseme, kwa maana vitabu hupenda kulisahau. Alisimama kwenye mlango akasukuma kwa kidole gumba, fundo la kwanza likaanza kumtii, la pili halikumtii. Mimi nimepata usingizi. Mama ameacha kulikimbia jina lake. Koko yuko kwenye shamba la mihogo, na wanaolima pale sasa hawamjui.

Jumatatu, kesho yake baada ya ushuhuda ule, nilivaa buti, nikachukua chakula changu, nikatoka kwenda zamu. Nilikuwa nimeshaingiza ufunguo niliposikia miguu mitupu sakafuni, upande wa pili.

"Riziki."

"Naam, Mama. Lala, nafunga."

"Usifunge," alisema. "Mi niko ndani. Nitafunga mwenyewe."

Nilitoa ufunguo. Nilisimama pale, mkono hewani, kama yule mpiga kinanda. Halafu komeo likateleza kwa ndani, likafika mwisho, na nikashuka ngazi bila kurudi.